Nina Mae McKinney: Staa aliyepewa mkataba Hollywood kisha akanyimwa kazi

UNAWAJUA wale wasanii wanaovuma mwaka mmoja kisha wanapotea kama moshi? Leo wimbo wake unapigwa kwenye kila matatu, mwaka ujao ukimtaja rafiki yako anakuuliza ni nani huyo.

Huwa tuko wepesi wa kutoa hukumu. Tunasema alivimba kichwa, alikula pesa akasahau kazi, au kipaji chenyewe kilikuwa cha kuungaunga tu.

Basi kabla hujamhukumu mwingine, ebu kutana na Nina Mae McKinney.

Mwaka 1929, akiwa na umri wa mwanafunzi wa kidato cha nne hivi, kipusa huyu mweusi kutoka Kusini mwa Marekani alikuwa mhusika mkuu wa kike katika filamu ya MGM, mojawapo ya studio tajiri zaidi Hollywood. Wakosoaji walimsifu. Studio ikamfunga kwa mkataba wa miaka mitano. Ungedhani hapo maisha yamejipa.

Lakini hiyo ndiyo iliyokuwa mara ya kwanza na ya mwisho kwa studio kubwa ya Hollywood kumpa nafasi kama ile. Alipofariki mwaka 1967, magazeti makubwa ya nchi yake hayakuona haja ya kuandika tanzia.

Kipaji alikuwa nacho hadi mwisho, na sura pia. Sasa kilichomkwamisha ni nini? Twende polepole.

Binti wa Lancaster

Nina alizaliwa Juni 1912 katika mji mdogo wa Lancaster, jimbo la South Carolina. Jina alilopewa nyumbani lilikuwa Nannie Mayme. Hilo la Nina alijichagulia baadaye, alipoanza kuhangaikia jukwaa.

Wazazi wake walihamia New York kutafuta riziki, naye akaachwa kijijini alelewe na nyanya mmoja wa ukoo aliyekuwa mfanyakazi wa nyumbani kwa tajiri wa pale mjini. Hadithi hiyo huna haja ya kuelezewa sana. Wangapi kati yetu tumelelewa na shosho mashambani huku mama na baba wakisaka unga jijini?

Tofauti ni kwamba South Carolina ya wakati huo ilikuwa chini ya sheria za ubaguzi wa rangi. Mtu mweusi alikuwa na shule yake, behewa lake la treni na mlango wake wa kuingilia. Hata kwenye sinema alipandishwa roshani ya juu, kama aliruhusiwa kuingia kabisa.

Ndiyo maana mamia kwa maelfu ya Wamarekani weusi walikuwa wakifunga virago na kuelekea miji ya Kaskazini. Nina naye alipofikia utineja alimfuata mamake New York.

Alifika wakati mzuri. Mtaa wa Harlem ulikuwa umechangamka si mchezo: wanamuziki, washairi, wachoraji na wacheza densi weusi walikuwa wakifanya kazi ambayo dunia nzima ilitaka kuiona. Wazungu wenye hela walikuwa wakivuka mji usiku ili tu wasikilize jazi.

Hakuwa na chuo cha uigizaji wala mjomba kwenye studio. Alikuwa na miguu mepesi, sauti, na macho ambayo kamera ingeyapenda baadaye. Akapata kibarua cha kucheza densi kwenye safu ya wasichana katika onyesho lililoitwa Blackbirds of 1928, lililofunguliwa Broadway mwezi Mei mwaka huo na kuchezwa zaidi ya mara 500.

Mastaa wa onyesho hilo walikuwa wengine kabisa: Bill Robinson, bingwa wa densi ya kugonga viatu, na mwimbaji Adelaide Hall. Nina alikuwa mmoja tu wa wale wa nyuma. Ila usiku mmoja ukumbini palikuwa na mzungu aliyekuwa akitafuta mtu, na jicho lake likatua kwa msichana wa tatu kutoka kulia.

Mwelekezi aliyeweka mshahara wake rehani

Mzungu huyo alikuwa King Vidor, mwelekezi wa filamu aliyezaliwa Texas. Alikuwa tayari ameiletea MGM pesa nene kwa filamu ya vita, The Big Parade ya mwaka 1925. Kwa miaka alikuwa akiwasumbua wakubwa wake wamruhusu atengeneze filamu kuhusu maisha ya watu weusi wa Kusini, na waigizaji wote wawe weusi. Kila mara alikataliwa.

Sababu haikuwa ya kisanaa. Ilikuwa hesabu. Wenye sinema za Kusini wasingeonyesha filamu kama hiyo, na hata huko Kaskazini wengi waliogopa kwamba watazamaji weusi wakija kwa wingi, wazungu watakimbia.

Mwaka 1928 sauti ilikuwa imeingia kwenye filamu, na Vidor akaona mwanya. Filamu iliyojaa nyimbo ingeuzika. Akawaambia wakubwa kwamba yuko tayari kuuweka mshahara wake mwenyewe ndani ya mradi, hela zikipotea zipotee na zake. Hapo wakakubali.

Filamu iliitwa Hallelujah. Sehemu kubwa ilipigwa katika maeneo ya Memphis, Tennessee, na ng'ambo ya pili huko Arkansas. Mitambo ya sauti ya siku hizo ilikuwa mizito na ya kudeka, kwa hiyo matukio mengi ya nje yalipigwa kimya kwanza, kisha sauti ikaja kubandikwa California. Jaribu kufikiria kazi hiyo: unaimba na kucheza leo, halafu wiki kadhaa baadaye unasimama mbele ya maikrofoni ukijaribu kulinganisha pumzi yako na midomo yako mwenyewe kwenye skrini.

Nina aliigiza Chick, msichana mjanja wa mjini anayecheza densi karibu na bandari ya pamba. Kijana wa shambani aitwaye Zeke, aliyeigizwa na Daniel Haynes, anakuja kuuza pamba ya familia akiwa na pesa za mwaka mzima mfukoni. Chick anamwona, anamchekea, na kufikia usiku pesa zote zimeliwa kwenye mchezo wa dadu. Vurugu inazuka na ndugu mdogo wa Zeke anauawa.

Zeke anatubu na kuwa mhubiri. Chick anamfuata kanisani, mwanzoni kwa dharau, kisha naye anabatizwa. Ila moyo wake umegawanyika, na mwisho wake si mzuri. Sitakumalizia, itafute.

Ukiitazama leo utaona kitu cha ajabu. Waigizaji wengi wa miaka hiyo walikuwa wametoka kwenye filamu za kimya, kwa hiyo wakipewa sauti walikuwa wagumu kama mbao. Nina hana shida hiyo. Anaongea na kuyumbisha mabega kwa wakati mmoja, anakasirika na kucheka ndani ya sekunde mbili, na akianza kuimba ule wimbo alioutunga Irving Berlin, huwezi kumtazama mtu mwingine. Na hiyo ndiyo ilikuwa filamu yake ya kwanza ndefu.

Tusipake sukari. Filamu yenyewe ina macho ya kizungu. Watu weusi wamechorwa kama watu wa pamba, kamari, tamaa na mayowe ya ibada, kana kwamba hawana maisha mengine. Wamarekani weusi wengi waliisema hivyo tangu siku hizo. Lakini ndani ya fremu hiyo nyembamba, msichana wa miaka 16 alipenya.

Ilipozinduliwa New York Agosti 1929, studio iliifungua katika kumbi mbili usiku mmoja. Ukumbi mmoja ulikuwa kule katikati ya jiji walikokwenda wazungu, wa pili ulikuwa Harlem. Kinyota cha filamu kilikuwa kimoja, lakini watazamaji wake hawakutakiwa kuketi pamoja. Kama Nina alikuwa makini usiku huo, alikuwa ameshaonyeshwa mustakabali wake.

Mkataba bila kazi

Vidor aliteuliwa kuwania tuzo ya Oscar ya mwelekezi bora kwa filamu hiyo. Nina naye akapewa mkataba wa miaka mitano na MGM, jambo ambalo karibu hakuna mwigizaji mweusi aliyekuwa amelipata katika studio kubwa.

Hapa ndipo nataka usimame kidogo, hasa wewe unayeota kusainiwa na lebo au kampuni ya filamu.

Hollywood ya enzi hizo ilifanya kazi kama kiwanda. Ukisaini na studio, ilikulipa mshahara lakini ilikumiliki. Iliamua utaigiza nini, utavaa nini, utaonekana wapi, na ikitaka inakukodisha kwa studio nyingine. Wewe huwezi kuamka asubuhi uende kujitafutia kazi kwa mshindani.

Kwa Greta Garbo au Joan Crawford, waliokuwa MGM hiyo hiyo, mpango huo ulilipa. Waandishi waliketi kuwaandikia hadithi, mafundi wakawashonea nguo, na kila mwaka filamu zao zikatoka. Staa hakuzaliwa, alijengwa kwa filamu moja juu ya nyingine.

Nina hakujengewa. Studio ilikuwa na mkataba wake kabatini lakini haikuwa na hadithi ya kumpa.

Mbona? Kwa sababu filamu za wakati ule zilisimama juu ya mapenzi. Mwanamke akiwa nyota, lazima mwanamume nyota ampende mbele ya kamera. Wanaume nyota wote walikuwa wazungu. Na mwaka 1930 studio zikajiwekea kanuni za maadili zilizopiga marufuku, miongoni mwa mengine, mapenzi kati ya mzungu na mtu mweusi kwenye filamu. Kufikia 1934 kanuni hizo zikaanza kusimamiwa kwa mkono wa chuma.

Njia nyingine ingekuwa kutengeneza filamu zaidi zenye waigizaji weusi pekee. Lakini wakubwa walirudi kwenye ile hesabu ya sinema za Kusini na kufunga daftari.

Kwa hiyo mwanamke mweusi alibakiwa na vyumba viwili tu. Cha kwanza ni kuigiza mfanyakazi wa nyumbani anayemletea mzungu chai. Cha pili ni kuimba wimbo mmoja klabuni, tena sehemu hiyo ipangwe isigusane na hadithi, ili filamu ikifika Kusini wenye sinema wachukue makasi na kuikata bila mtazamaji kujua palikuwa na mtu.

Tazama alichopata ndani ya miaka hiyo. Mwaka 1930 aliimba wimbo katika They Learned About Women. Mwaka 1931 akakodishwa kwingine kwa filamu ya Safe in Hell, iliyoelekezwa na William Wellman. Humo aliigiza Leonie, mwanamke anayeendesha hoteli katika kisiwa cha Karibiani kilichojaa wahalifu wa kizungu.

Safe in Hell ni ndogo lakini itazame ukiweza. Nina na mwenzake Clarence Muse ndio karibu watu pekee wenye akili timamu katika hoteli ile. Hawazungumzi kile Kiingereza cha kuvunjikavunjika ambacho Hollywood iliwalazimisha weusi wakizungumze. Tena Nina anaimba humo wimbo ambao Muse alikuwa mmoja wa watunzi wake, na ambao baadaye Louis Armstrong aliufanya utambulisho wake.

Mwaka 1932 alikuwa kwenye filamu fupi ya muziki, Pie, Pie Blackbird, pamoja na mpiga piano Eubie Blake. Ndani yake walikuwemo wavulana wawili wacheza densi, Nicholas Brothers, wakionekana kwenye filamu kwa mara ya kwanza. Wao walikuja kuwa miongoni mwa wacheza densi wakali zaidi kuwahi kupigwa picha.

Kisha ikaja Reckless ya mwaka 1935, filamu ya MGM ya Jean Harlow. Nina alipewa sehemu ya kuimba. Ilipotoka, karibu yote ilikuwa imekatwa.

Hapo hesabu ya mkataba inajionyesha. Miaka mitano, na hakuna hata filamu moja nyingine iliyoandikwa kwa ajili yake.

Kuvuka bahari

Nina hakukaa nyumbani kusubiri simu. Alifanya alichofanya Josephine Baker kabla yake: alipanda meli kwenda Ulaya.

Alifuatana na mpiga piano Garland Wilson, wakapiga shoo Paris, London na miji mingine. Huko watu walijaza kumbi. Walimpachika jina la Garbo Mweusi, na yeye akalitumia kwenye mabango kwa kuwa liliuza tiketi.

Lakini litazame jina lenyewe. Ili umsifu msichana mweusi, ilibidi kwanza umtaje mzungu. Na Garbo halisi alikuwa studio ileile iliyomwacha Nina kabatini.

London alionekana hata kwenye televisheni katika miaka ya mwanzo kabisa ya chombo hicho, wakati picha ilikuwa ndogo na waliokuwa na seti nyumbani walihesabika. Katika kizazi chake ni wanawake wachache mno weusi walioweza kusema hivyo.

Filamu moja na Kenyatta

Ni London hiyo ambako hadithi ya Nina inagusana na yetu.

Mwaka 1934 ndugu wawili wenye asili ya Hungary, Alexander na Zoltan Korda, walikuwa wakitengeneza filamu kubwa kuhusu Afrika iliyoitwa Sanders of the River. Paul Robeson, mwimbaji na mwigizaji mashuhuri Mmarekani mweusi, aliigiza chifu Bosambo. Nina akapewa nafasi ya Lilongo, msichana anayeokolewa utumwani na kuwa mke wa Bosambo.

Zoltan alikuwa amesafiri Afrika kwa miezi akipiga picha za ngoma, mitumbwi na wanyama. Sehemu za waigizaji zilipigwa Uingereza, katika studio za Shepperton nje ya London, ambako kijiji cha Kiafrika kilijengwa kwa makuti na matope.

Kijiji kinahitaji wanakijiji. Basi wakakusanywa watu weusi waliokuwa Uingereza, wakiwemo wafanyakazi wa bandarini na wanafunzi, wavae ngozi na kushika mikuki nyuma ya waigizaji wakuu kwa malipo ya siku.

Mmoja wao alikuwa mwanafunzi kutoka Kenya aliyekuwa akihangaika na kodi ya nyumba huku akipeleka kilio cha mashamba ya Wakikuyu kwa serikali ya Uingereza. Jina lake lilikuwa Jomo Kenyatta.

Ndiyo, yule yule. Mtu ambaye miaka 28 baada ya filamu hiyo kutoka angekuwa Waziri Mkuu wa nchi huru, alikuwa amechukua kibarua cha kujaza kijiji cha uongo.

Filamu ilipotoka mwaka 1935, Robeson alipigwa na butwaa. Alikuwa ameingia akiamini itaonyesha utamaduni wa Mwafrika kwa heshima. Ilipokuja kwenye skrini ilikuwa wimbo wa kumsifu mkoloni: mzungu mmoja anatawala umati wa weusi wanaomuita bwana, akiondoka wanachinjana, akirudi wanatulia. Robeson aliikana filamu hiyo hadharani.

Nina alikuwa kwenye mtego uleule. Msichana wa South Carolina aliyekimbia pamba za Kusini, sasa alikuwa amevalishwa shanga na kuimbishwa kando ya mto Thames kana kwamba ni Kongo. Kwa hesabu ya kazi lakini, ndiyo iliyokuwa nafasi yake kubwa zaidi tangu Hallelujah. Hata ule uongo ulikuwa umempa zaidi ya alichopewa nyumbani.

Kurudi nyumbani

Aliporejea Marekani alielekea kwenye filamu zilizotengenezwa kwa ajili ya watazamaji weusi. Hizo zilipigwa kwa bajeti ya kubana, siku chache tu, na kuonyeshwa kwenye kumbi za mitaa ya weusi. Taa zilikuwa mbaya na sauti wakati mwingine inakwaruza, lakini huko mwanamke mweusi angeweza kuwa mtu.

Katika Gang Smashers ya 1938 aliigiza mpelelezi anayejifanya mwimbaji ili aingie kwenye genge. Soma tena: mpelelezi. Mwaka uliofuata aliigiza katika The Devil's Daughter, iliyopigwa Jamaica, akiwa dada anayegombania shamba la urithi.

Kwenye miaka ya 40 Hollywood ilimwita tena, na sasa alikuwa amekomaa. Ilimpa nini? Katika Dark Waters na Together Again, zote za 1944, aliigiza mtumishi.

Halafu ikaja Pinky ya mwaka 1949, na hapo ndipo kejeli ilipofika kileleni.

Pinky, iliyoelekezwa na Elia Kazan, ilikuwa filamu ya kupinga ubaguzi. Inamhusu msichana mweusi wa Kusini mwenye ngozi nyeupe kiasi kwamba huko Kaskazini watu humdhania mzungu, na daktari mzungu anampenda. Nafasi hiyo ya msichana mweusi walimpa Jeanne Crain, ambaye ni mzungu. Sababu ni ileile ya mwaka 1930: palikuwa na kukumbatiana na kubusiana na mwanamume mzungu, na hakuna aliyetaka kumuona mwanamke mweusi wa kweli akifanya hivyo.

Crain aliteuliwa kuwania Oscar. Nina, mweusi wa Kusini mwenye ngozi ya maji ya kunde, alikuwa kwenye filamu hiyohiyo. Aliigiza Rozelia, mwanamke mkorofi anayeficha wembe kwenye soksi. Yuko kwenye skrini dakika chache tu, lakini anaziwasha.

Alikuwa na nafasi ndogo nyingine mwaka 1950 katika Copper Canyon, kisha kamera ikamwacha kabisa. Alifariki New York Mei 3, 1967 kwa mshtuko wa moyo. Alikuwa na umri wa miaka 54.

Walioingia baadaye

Mlango haukukaa umefungwa milele, ila ulifunguka kwa mwendo wa kobe. Mwaka 1940 Hattie McDaniel alikuwa mtu mweusi wa kwanza kushinda Oscar, kwa kuigiza mtumishi, na usiku huo aliketishwa meza ya kando. Mwaka 1942 MGM ilimsaini Lena Horne, ikamsimamisha aimbe kando ya nguzo ili akatwe kirahisi. Dorothy Dandridge akawa mwanamke mweusi wa kwanza kuwania Oscar ya mwigizaji bora wa kike, kwa filamu ya mwaka 1954.

Mwanamke mweusi wa kwanza kuishinda tuzo hiyo alikuwa Halle Berry, mwaka 2002. Ukihesabu kutoka Hallelujah ni miaka 73. Lupita Nyong'o wetu alipochukua ya mwigizaji msaidizi mwaka 2014, wengi tulishangilia usiku kucha bila kujua msururu aliotokea nyuma yake ulikuwa mrefu kiasi gani.

Na Nina? Mwaka 1978 aliingizwa kwenye orodha ya heshima ya watengenezaji filamu weusi wa Marekani. Mwaka 2008 Hallelujah iliwekwa kwenye hifadhi ya taifa ya filamu inayosimamiwa na Maktaba ya Bunge la Marekani, pamoja na kazi nyingine ambazo nchi hiyo haitaki zipotee.

Sasa rudi kwenye ile hukumu tunayopenda kutoa, kwamba aliyepotea alipotea kwa makosa yake. Wengine ni kweli walijiharibia. Lakini kwa Nina ukifuata ushahidi filamu kwa filamu, huoni mahali alipolegea. Unaona mtu aliyefanya kazi vizuri kila alipopewa, na watu walioamua mapema kwamba hawatampa.

Kama wewe ni msanii, mfanyie Nina hisani moja. Ukiwekewa karatasi mbele yako, usiangalie tu idadi ya miaka na ukubwa wa jina la kampuni. Uliza wameahidi kazi ngapi ndani ya muda huo, nani anaamua kazi hizo, na wasipokupa chochote, unaruhusiwa kwenda kwingine? Mkataba usiojibu hayo unaweza kuwa kufuli iliyopakwa dhahabu.

Na kama wewe ni shabiki tu, tafuta Hallelujah usiku mmoja uitazame. Subiri umati pale bandarini, kisha mwangalie msichana anayecheza katikati ya duara. Hutahitaji kuonyeshwa ni yupi.